Boti Haigeuzwi Kinyume cha Jua

Januari 19

Nimefika Skarvvika, kijiji cha wavuvi kaskazini mwa Norwei, tumbo joto. Feri imeyumba njia nzima, lakini si bahari iliyonitia joto. Nina miaka hamsini na tatu, na kwa mara ya kwanza maishani nimepewa kuwa mhusika mkuu wa tamthilia: nimo karibu kila onyesho, na sifi mpaka sehemu ya mwisho. Kabla ya hapa nimeshakufa sana kwenye televisheni. Nimekufa kwenye buti la gari, chini ya barafu ya ziwa, na mara moja nilikuwa maiti tangu mwanzo, sikupewa hata neno. Yaliyobaki ni polisi wa pili, mume aliyeachwa, na lile tangazo.

Lile tangazo! Muuza tiketi wa feri alinikodolea macho, kisha uso ukamchanua. "Si wewe yule wa maini ya kupaka?" Nilikuwa kijana nilipong'ata kile kipande cha mkate chenye maini, nikafumba macho na kusema "Mmm." Nimesomea kazi hii. Nimekuwa mfalme jukwaani Stavanger na Trondheim, nikalia mpaka watu wakalia nami. Lakini nchi nzima inanijua kwa "Mmm."

Hapa nitamcheza nahodha Arnljot, aliyezama na boti yake *Teisten* pamoja na mabaharia wake watano, majira kama haya ya skrei, wale samaki wakubwa wa baridi, miaka thelathini na kitu iliyopita. Hakuna aliyejua kilichowapata. Mjane wake, Oddrun, yu hai, na niliomba mwenyewe kupanga chumba chake cha juu ili nijifunze. Sasa najuta. Mtu gani mwenye akili anakwenda kulala kwa mjane huku anajifunza kutembea kama marehemu mumewe?

Januari 20

Oddrun alinipokea mlangoni, akanipima kuanzia viatu kwenda juu.

"Arnljot alikuwa mfupi kuliko wewe."

"Nitajikunja, mama."

"Na hakuwa msemaji."

Nikanyamaza.

"Hapo umepatia," akasema, akanimiminia kahawa.

Januari 23

Nimeaibika siku ya kwanza gatini. Boti tunayopigia picha ni ya Ingebrigt, mvuvi wa hapa. Wameipaka rangi ya buluu na kuiandika *Teisten*, na kila akilipita lile jina anageuza uso, kwa sababu baba yake alikuwa mmoja wa wale watano. Basi mimi nikarukia ndani na begi langu mgongoni, kama mtalii.

"We! Toka!" Ingebrigt alifoka mpaka shakwe wakaruka.

"Nimefanya nini?"

"Begi mgongoni ndani ya boti? Unatutakia kifo? Livue, nikabidhi mkononi, halafu ndo uingie."

Nikarudi gatini, nikalivua, nikamkabidhi, nikaingia upya. Wavuvi waliokuwa wakitoa samaki matumbo boti ya pili wakaacha visu wakacheka.

"Karibu, Bwana Maini," Ingebrigt akasema. Jina limeshashika. Kesho watoto wa shule watakuwa nalo.

Januari 24

Watoto wa shule wanalo.

Januari 31

Leo wapishi wa kikosi walituletea vafler botini, zile keki bapa za kuoka kwenye chuma, zikiwa bado moto, na jamu. Ingebrigt alizitazama kama mtu aliyeona nyoka kitandani. Akaichukua sinia yote na kuimwaga baharini, na jamu juu. Mwongozaji wetu, Maiken, wa Oslo, miaka thelathini na sita, alibaki na mdomo wazi.

"Vafler botini?" Ingebrigt akamwambia. "Mwanangu, heri ungeleta bomu."

Baadaye tulipokuwa tunasubiri mwanga nikamwuliza kuna miiko mingine ipi, nisije nikamwagwa na mimi. Akacheka. Mingi aliitaja kwa mzaha, lakini mmoja aliusema taratibu. Boti ikitoka gatini lazima igeuzwe kufuata jua, yaani kulia, hata kama kushoto ndiko karibu. Kwenda kinyume cha jua ni kuita balaa.

"Na mtu akisahau?"

"Hasahau." Akaziangalia kamba zake. "Mtu anasahau jina la mkewe, Maini. Hilo hasahau."

Februari 4

Chakula cha jioni na Maiken na watu wa kamera. Nilikuwa na wasiwasi kwamba hanipendi. Ananitazama kwenye skrini yake ndogo bila kusema zuri wala baya. Basi nikajitia uchangamfu. Nikahadithia begi, nikahadithia vafler, watu wakashika mbavu. Mwisho nikahadithia na lile la kugeuka na jua, nikaiga na sauti ya Ingebrigt. Maiken hakucheka. Aliweka uma chini.

"Rudia hilo," akasema.

Nikarudia. Nililala na furaha, kama mwanafunzi aliyesifiwa na mwalimu.

Februari 8

Theluji. Hatukupiga picha. Nimeondoa theluji kwa koleo njiani kwa Oddrun mara mbili, na mara mbili imefunikwa.

Februari 13

Oddrun amepika mølje: skrei wa kuchemsha, maini na mayai yake, viazi pembeni. Alinitazama nikiweka maini mdomoni, akangoja.

"Haya," akasema. "Hebu sema."

"Nini?"

"Si unajua. Sema."

Nikafumba macho nikasema "Mmm." Mama wa miaka themanini akacheka mpaka akajifuta machozi na aproni. Sijawahi kusema "Mmm" kwa ukweli kama leo.

Ananifundisha bila kukusudia. Arnljot alikuwa anavua kofia kabla ya kusema jambo zito. Alikuwa analamba kijiko cha kahawa akakiweka kulia kwa kikombe. Nayachukua yote. Lakini nilipomwambia aje gatini siku moja atazame tunavyofanya, uso wake ulijifunga.

"Gatini sifiki," alisema.

"Kuna barafu? Nitakushika mkono."

"Sijafika tangu siku ile."

Nyumba yake iko juu ya gati. Dirisha la jikoni lingeangalia boti zote, ila kiti chake amekigeuzia ukuta. Nimeishi humu karibu mwezi na ndiyo kwanza nimeliona hilo.

Februari 22

Wakala wangu Vibeke amepiga simu toka Oslo. Maiken kamwambia kwamba mimi ni "ugunduzi." Ugunduzi, na mvi zangu hizi! Zaidi ya hapo, kuna filamu itapigwa Bergen vuli, nafasi ya mhusika mkuu, na mwongozaji wake ni rafiki mkubwa wa Maiken. Wanasubiri tu kuona nitamalizaje huku.

"Kwa hiyo usiharibu," Vibeke akasema.

"Nitaharibuje?"

"Sijui, Halvard. Ila nakujua."

Niliyazoea maisha ya kutokuwa na cha kupoteza. Sasa ninacho, na usingizi umeniaga.

Machi 2

Zimekuja kurasa mpya za onyesho la mwisho la *Teisten* kutoka gatini. Nilizisoma nimesimama, nimejaa furaha. Ndiyo asubuhi ya mwisho. Nahodha ameamka na uchovu wa pombe, hasemi na mtu, anaondoa boti, na badala ya kulia anageuza kushoto. Kinyume cha jua. Mabaharia wanatazamana. Hakuna anayesema. Kamera inabaki usoni kwangu mpaka boti ipotee.

Onyesho zuri kuliko yote niliyowahi kupewa. Hakuna neno hata moja la kusema, kila kitu kiko machoni.

Kisha nikasikia viatu vya Oddrun jikoni chini, na furaha ikanitoka kama maji kwenye kikapu. Arnljot hakuwa mlevi. Na hapa Skarvvika onyesho hilo halitakuwa la kupendeza macho tu. Litakuwa limesema: nahodha huyu aliwaua watoto wa watu. Na aliyewapa maneno hayo ni mimi, na sauti ya kuiga juu. Mdomo huponza kichwa, wahenga walisema. Wangu umeponza kichwa cha mtu mwingine.

Machi 5

Ingebrigt kapewa ratiba, ndiye atakayeendesha. Usukani ninaoshika mimi hautendi kitu. Wa kweli ni mkono mdogo wa chuma, chini, na hapo ndipo anapochuchumaa asionekane.

Alisoma ule ukurasa, akausoma tena. "Nani kawaambia habari ya jua?"

Nilikuwa na mdomo umejaa mkate. Nikatafuna. Nikaendelea kutafuna muda mrefu kuliko mkate wenyewe.

"Sawa," akasema. Tangu hapo haniiti Maini. Ananiita Halvard, na inauma.

Machi 9

Nimemfuata Maiken. Nilijipanga kama mtoto anayekwenda kuungama, nikaanza na hali ya hewa.

"Sema, Halvard mpenzi, nina dakika chache."

"Ile ya kugeuka kushoto. Nadhani tuiache. Watu wa hapa wataumia."

"Wewe ndiye uliyeniletea!"

"Najua."

"Hakuna anayejua walichofanya asubuhi ile. Na mimi sitengenezi habari, natengeneza tamthilia. Watu nyumbani wanahitaji sababu. Boti kupotea hivi hivi, bila kosa la mtu, nani atavumilia?" Akanishika bega. Si mtu mbaya, hilo ndilo linaloniudhi. "Tena mlima uko upande ule. Ukigeuka kulia nyuma yako kuna kiwanda cha samaki na gari la takataka. Ukigeuka kushoto, una dunia nzima."

Nilisema "naelewa." Nimekuwa nikisema "naelewa" maisha yangu yote, na ndiyo maana nimefia kwenye mabuti ya magari.

Machi 12

Upepo.

Machi 13

Upepo. Redio inasema na kesho. Boti zote zimefungwa. Oddrun anatembea chumba hadi chumba, anagusa vitu. Akisikia kamba zikipiga milingoti anasimama, akiona nimemwona anajifanya anatafuta miwani.

Machi 17

Tumepiga sehemu za ndani, chumba cha mabaharia. Nimekuwa mzuri, kila mtu kasema. Nilitumia kile kijiko cha Arnljot. Nilijisikia mwizi.

Machi 29, Ijumaa Kuu

Kazi imesimama kwa Pasaka. Nilibaki, sikuwa na ujasiri wa kupanda ndege nimwache Oddrun na lile jambo. Oddrun ameweka machungwa na vifaranga vya manjano vya pamba mezani. Mchana televisheni ilikuwa inarudia tamthilia ya mauaji kama kila Pasaka, na kumbe ni ile niliyomo. Nilitolewa ziwani, nimekauka bluu.

"Umekufa vizuri," Oddrun akasema. "Hata kope hukuchezesha."

Nilijua ni sasa au basi. Bora alisikie kwangu kuliko aje alione na kijiji kizima vuli, tamthilia itakapoonyeshwa. Nikazima televisheni.

"Mama, kuna kitu kwenye hadithi yetu sikipendi. Asubuhi ya mwisho wanamfanya Arnljot ageuze boti kushoto. Kinyume cha jua. Nimejaribu kuwazuia, nimeshindwa."

Nilitegemea hasira. Nilitegemea aniambie nifungashe. Chungwa lilikuwa mkononi, nusu limemenywa, na rangi ikamtoka midomoni.

"Nani aliona?" akauliza.

Sikuelewa. "Aliona nini?"

"Nilidhani nilikuwa peke yangu gatini. Nani kawaambia?"

Mungu wangu. Nilishika ukingo wa meza.

Alieleza akiutazama ukuta, kwa sauti ya mtu anayesoma orodha ya vitu vya dukani. Asubuhi ile walishatoka, wamegeuka kulia kama inavyopaswa, wamefika karibu na mwisho wa ukuta wa bandari. Ndipo Oddrun akaona glavu za sufu za Arnljot ziko juu ya jiko, alikoziweka zikauke. Akazishika, akateremka mbio gatini, akapiga kelele mpaka Arnljot akamsikia. Hakuna mke wa mvuvi asiyejua kwamba boti iliyokwisha kutoka hairudishwi. Alijua. Lakini kulikuwa na baridi ya kupasua mawe. Arnljot akarudi, akazichukua, hakusema kitu. Na kwa kuwa boti nyingine ilikuwa imeshasogea njiani upande wa kulia, akatoka kwa kushoto.

"Kinyume cha jua," nikasema.

"Kinyume cha jua. Watu sita, Halvard. Kwa ajili ya glavu."

"Mama, ilikuwa dhoruba. Glavu haizamishi boti."

"Naambiwa na nani? Na wewe wa mashamba ya Jæren, unayepanda boti na begi?" Akalimalizia chungwa lake kumenya, akaligawa, akanipa nusu. "Wake wanne wa mabaharia walikuwa wananiletea chakula baada ya hapo. Mama yake Ingebrigt alinifulia nguo majira yote. Nikapokea. Sikusema. Sijawahi kumwambia mtu, nimekuambia wewe kwa sababu nilidhani mmeshajua."

Nikamwapia sitafungua mdomo. Mimi, nikaapa! Akanitazama kwa muda, na nadhani alikuwa anafikiri hilo hilo.

Machi 31, Pasaka

Siwezi kula. Wiki iliyopita nilikuwa nataka tuache onyesho kwa sababu ni uongo. Leo nataka tuliache kwa sababu ni kweli, na siruhusiwi kusema ni kweli.

Aprili 3

Nimempigia Vibeke. Nimemwambia sitacheza onyesho la kugeuka.

"Kwa sababu gani?"

"Siwezi kusema."

Nilisikia kalamu yake ikigonga meza Oslo. "Halvard, nisikilize. Nchi hii ina watu wachache, na wale wa kazi yetu wote wanakunywa kahawa sehemu moja. Ukikataa bila sababu utaitwa mgumu. Mgumu hapewi hata umaiti. Na Bergen watasikia kabla hujavua viatu."

"Najua."

"Basi panda boti, simama, tazama mbele. Si wewe unayeendesha."

Kweli, si mimi ninayeendesha. Nimelishika neno hilo siku nzima kama mgonjwa na dawa yake, na halikusaidia.

Aprili 6

Oddrun haniulizi kitu. Ameanza kuniwekea glavu zangu juu ya jiko zikauke, halafu anaziondoa, anazipeleka mlangoni, anahakikisha ninazo kabla sijatoka. Nikifika chini kwenye ngazi bado namsikia amesimama nyuma ya mlango.

Aprili 8

Nimepanga kumwambia Maiken asubuhi kwamba sipandi. Nimeandika maneno yangu, nimeyasema mbele ya kioo. Nayasema vizuri. Nikiwa na kioo mimi ni simba.

Aprili 9

Asubuhi Maiken alinikumbatia gatini. "Tazama mwanga huo! Tumeusubiri majira yote!" Na mimi simba nikasema, "Mzuri sana," nikapanda boti.

Jua lilikuwa limekaa juu ya mlima, theluji imekuwa rangi ya siagi. Vichanja vimejaa samaki mpaka mwisho wa kijiji. Wavuvi walikuwa wamesimama kando ya kiwanda, wengi kuliko kawaida, mikono mifukoni. Hawakucheka leo, wala hakuna aliyeita Maini. Nilitazama juu, nyumba ya Oddrun. Dirisha la jikoni lilikuwa tupu, kiti chake kimegeukia ukuta.

Mabaharia wa kuigiza wakafungua kamba. Ingebrigt alichuchumaa kwenye miguu yangu, mkono kwenye kile chuma. Injini ikanguruma. Tukaachana na gati. Redio ikakoroma begani kwangu, sauti ya Maiken: "Vizuri. Taratibu. Ingebrigt, sasa kushoto."

Ingebrigt hakusogea. Aliinua macho akaniangalia, mimi, si redio. Nikaona jasho kwenye mdomo wake wa juu, na baridi yote ile.

"Kushoto, Ingebrigt! Mwanga unaondoka!"

Alikuwa amekodiwa majira mazima na boti yake. Akikataa yeye, watamkata pesa. Hilo ndilo lililopita kichwani mwangu, sina ushujaa mwingine wa kuandika hapa. Nikavua kofia. Sijui kwa nini. Arnljot alikuwa anavua kofia. Nikashika redio.

"Maiken, ni Halvard. Tunageuka kulia. Nimemwamuru mimi."

"Unasema nini?"

"Sitoki kushoto. Si leo, si kesho. Kosa ni langu, mniandike mimi."

Nikaizima. "Geuza na jua," nikamwambia Ingebrigt, na sauti ilinitoka kama ya mtoto wa kwaya.

Akageuza. Boti ikazunguka kulia, ikapita kiwanda, ikapita gari la takataka, na wale wavuvi mmoja mmoja wakatoa mikono mifukoni. Mmoja alinyanyua kidole kwenye kofia. Hapa hiyo ni kama kupigiwa mizinga.

Tulipopita ukuta wa bandari Ingebrigt alisimama, akanyoosha magoti.

"Ningekataa mwenyewe," akasema. "Nilikuwa natafuta pumzi tu."

"Kwa sababu ya mwiko?"

"Mwiko!" Akatema mate upande wa chini wa upepo. "Kwa sababu ya Oddrun. Kijiji kizima kinajua boti ilirudi, Halvard. Mama yangu alikuwa dirishani. Na jirani, na mwenye duka. Waliona glavu, waliona ilivyotoka. Hawajamwambia mpaka leo. Alinyamaza, nao wakanyamaza. Tunamsitiri."

Nilishika usukani wangu usiotenda kitu. Miaka yote hiyo! Huku mtu mmoja amegeuzia kiti ukutani ili watu wasimsome usoni, na kule kijiji kizima kimegeuza uso ili asijue kasomwa.

"Na mama yako alimlaumu?" nikauliza.

"Mama?" Alinishangaa kweli. Kisha akaniambia alichokuwa akikisema mama yake, Mungu amrehemu, kila majira ya skrei mpaka alipokufa. Nikalazimika kutazama upande wa pili kidogo.

"Ingebrigt, nenda ukamwambie Oddrun hivyo hivyo."

"Baada ya miaka yote hii? Nitaanzia wapi?"

"Anza na samaki."

Gatini Maiken hakupiga kelele. Ningependa apige. "Umenipotezea mwanga," alisema polepole, "na hata sababu hunipi. Nitatumia nilichonacho." Akaenda zake. Alikuwa na machozi machoni na nilimwonea huruma, maana kwa kazi yake alikuwa sahihi.

Aprili 10

Vibeke ameacha ujumbe: nipige. Halafu mwingine: Bergen wamempigia yeye. Hasemi wamesema nini, na kwa sauti yake sina haja ya kubashiri. Sijapiga.

Mchana mlango uligongwa. Ingebrigt, amevaa shati safi, skrei mkubwa mkono mmoja, na kopo la maini mwingine. Oddrun alisimama katikati jikoni kama aliyeletewa polisi.

"Nimeleta samaki," Ingebrigt akasema.

"Naona."

Nikataka kutoka. "Kaa, Maini," akaniambia. Nikakaa.

Oddrun akapika, tukakaa mezani, na Ingebrigt akala viazi viwili. Nilikuwa namwombea kimoyomoyo kama ninavyomwombea mwigizaji aliyesahau maneno. Hatimaye akaweka uma.

"Oddrun. Mama yangu alikuwa dirishani asubuhi ile."

Oddrun akashika kiti.

"Boti ilipotoka mara ya kwanza hakuiona. Alikuwa kwenye ng'ombe. Alikuwa amegombana na baba tangu jana yake, hawakuagana. Halafu akasikia unaita. Akaja dirishani, akaona boti inarudi. Baba akamwona. Akampungia mkono." Ingebrigt alikuwa anaongea na sahani. "Alikuwa akisema kila mwaka, bila Oddrun nisingemwona tena. Alikuwa akisema hivyo mpaka anakufa. Tulidhani hutaki izungumzwe, ndiyo maana."

Oddrun hakulia. Alikaa, akaishika meza kwa viganja vyote viwili.

"Mimi nilishageuka," akasema. "Nilimpa nikageuka, nilikuwa na haraka nisije nikaonekana. Sikuwatazama wakiondoka." Akameza. "Na Arnljot? Mama yako alimwona?"

"Alimwona. Kwenye usukani."

"Alikuwa amezivaa?"

"Zote mbili. Nyeupe. Alisema zilionekana mpaka kwetu."

Oddrun akainamisha kichwa, akakiinua. Kisha akanyanyuka, akakishika kiti chake, akakizungusha kikatazama dirisha, akakaa tena. Boti zilikuwa zinaingia. Tukala. Samaki alikuwa ameshapoa.